Jini Mahaba Apewe Nafasi ya Kusema: Riwaya-picha za Kijapani na Hadithi za Ziwa Letu

Katika Buyenzi, mtaa wa Waswahili wa Bujumbura, ni vigumu kumpata mtu mzima asiyewahi kusikia habari za jini mahaba. Binti akikataa wachumba mfululizo, ndoa changa ikivunjika bila ugomvi unaoeleweka, kijana akiamka kachoka kana kwamba alisafiri usiku kucha, jina hilo hutajwa. Husemwa kwamba jini amempenda binadamu, amemchagua, na hataki kumshiriki na mtu mwingine. Mbele ya shehe atasomewa Kurani. Katika makanisa ya uamsho ataitwa mume wa usiku na kukemewa. Kwa mganga atafukiziwa ubani. Njia hizo zinatofautiana sana, lakini katika zote jini huulizwa maswali mawili tu: unataka nini, na utaondoka lini?

Japani kuna utanzu mzima wa hadithi uliojengwa juu ya swali la tatu: ilikuwaje ukampenda? Utanzu huo ni riwaya-picha za mapenzi na mizimu, hadithi zinazosomwa kwenye kompyuta na simu. Vijana wengi wa Bujumbura wanazijua katuni za Kijapani kupitia tafsiri za Kifaransa, na baadhi ya katuni hizo zilizaliwa na riwaya hizi. Makala haya yanatazama lugha ya riwaya hizo na mambo yanayosimuliwa ndani yake, kwa sababu ninaamini zina somo kubwa kwa waandishi wa Kiswahili wa ukanda wa Tanganyika. Mali ghafi yote tunayo. Tunachokosa ni subira ya kumsikiliza kiumbe asiyeonekana mpaka amalize.

Kitabu kinachosikika

Skrini inaonyesha mandhari iliyochorwa: darasa, kituo cha treni, ufuko wa bahari jua likizama. Mbele ya mandhari hiyo amesimama mhusika, na uso wake hubadilika kadiri anavyosema. Chini kuna kisanduku cha maandishi. Msomaji anabonyeza, sentensi moja inatokea. Anabonyeza tena, nyingine inafuata. Muziki unapigwa taratibu, na mara nyingi waigizaji huyasoma maneno ya wahusika kwa sauti. Kisha hadithi inasimama na kumtaka msomaji aamue: umfuate msichana huyu kwenye theluji, au urudi nyumbani? Uamuzi huo unaifungulia hadithi njia yake. Riwaya moja huwa na njia kadhaa na miisho mingi, na kuimaliza yote huweza kuchukua makumi ya saa.

Umbo hili lina historia fupi. Mwaka 1992 kampuni ya Chunsoft ilitoa Otogirisō, hadithi ya kutisha iliyosomwa kwenye televisheni kupitia mashine ya Super Famicom. Mwaka 1996 kampuni ya Leaf ikatoa Shizuku, na umbo la maandishi juu ya picha likapata wafuasi kwenye kompyuta. Halafu ikaja kampuni ya Key na Kanon mwaka 1999, Air mwaka 2000 na Clannad mwaka 2004. Desemba 2000, kikundi kidogo cha marafiki kilichojiita Type-Moon kiliuza Tsukihime kwenye soko la kazi za watu binafsi mjini Tokyo. Kinoko Nasu aliandika, Takashi Takeuchi akachora. Zaidi ya miaka mitatu baadaye kikundi hicho kilitoa Fate/stay night, ambayo leo inajulikana dunia nzima.

Wasomaji wa kike walipata za kwao pia. Mwaka 2008 ilitoka Hakuōki, habari za Chizuru, msichana anayejivika nguo za kiume na kwenda Kyoto kumtafuta baba yake. Huko anakutana na wapiganaji wa kihistoria wa Shinsengumi, ambao baadhi yao wamekunywa dawa inayowapa nguvu na kuwaachia kiu ya damu. Msomaji anachagua ampende nani, na kila mpiganaji ana njia yake.

Kwetu Afrika Mashariki hadithi ya picha na maandishi si jambo geni. Mwishoni mwa miaka ya 1960, jarida la African Film la kampuni ya Drum lilisambazwa sana, na shujaa wake Lance Spearman alijulikana hata na watoto wa shule. Faraji Katalambula, mwandishi wa Simu ya Kifo, naye alitoa hadithi za picha kwa Kiswahili katika jarida la Film Tanzania. Wazee wetu walikwisha kuonja ladha ya picha iliyosimama huku maneno yakitembea.

Mbweha na nyoka

Ndani ya Kanon kuna njia ya msichana aitwaye Makoto. Anatokea mjini bila kumbukumbu yoyote, isipokuwa chuki dhidi ya kijana mmoja, Yuichi, ambaye hamkumbuki. Kidogo kidogo tunafahamu kwamba utotoni Yuichi alimtunza mbweha aliyejeruhiwa, kisha akamwachia kilimani na kwenda zake. Mbweha huyo alimtamani mpaka akageuka mtu. Gharama yake ni mbili: kumbukumbu zake na uhai wake. Homa inampanda, mikono inalegea, halafu maneno yanaanza kumtoka. Sentensi zake zinafupika, zinabaki silabi, na msomaji anayebonyeza kutafuta sentensi inayofuata anaona kisanduku kikiwa karibu kitupu. Mwishowe Yuichi anampeleka kilimani na kufanya naye harusi ya watu wawili, kwa shela tu.

Aliyesoma Adili na Nduguze ya Shaaban Robert atatambua ukoo wa hadithi hii. Adili anamwokoa nyoka aliyekuwa akifukuzwa na adui, na nyoka huyo kumbe ni Huria, binti wa kijini. Adili anapotoswa baharini na ndugu zake, Huria ndiye anayekuja kumwokoa, naye ndiye anayewageuza ndugu hao kuwa manyani. Kiumbe aliyetendewa wema anarudi kulipa. Tofauti iko katika nafasi aliyopewa. Huria analipa deni lake, anatoa amri zake na kuondoka. Hatujui usiku wake ulikuwaje baada ya kumwacha Adili. Makoto amepewa njia nzima: ugomvi wake, uchokozi wake, woga wake wa kulala peke yake. Ndiyo maana kifo chake kinauma.

Hadithi za Kijapani hazikuanzia kwenye skrini. Ueda Akinari alitoa mkusanyo wake wa visa vya mizuka, Ugetsu Monogatari, mwaka 1776. Karne iliyofuata msimulizi San'yūtei Enchō alivuma kwa kisa cha taa ya maua. Masimulizi yake yakanakiliwa kwa hati mkato neno kwa neno na kuchapishwa mwaka 1884. Kisa ni cha Shinzaburō, anayetembelewa kila usiku na mpenzi wake Otsuyu, bila kujua kwamba amekwisha kufa. Jirani anachungulia na kuona rafiki yake amekumbatia mifupa. Nyumba inabandikwa hirizi. Mzuka analia nje. Halafu jirani anakubali fedha, anabandua hirizi, na asubuhi Shinzaburō anakutwa maiti.

Ukibadilisha majina tu, kisa hicho kinaweza kusimuliwa barazani Buyenzi bila kumshangaza mtu: hirizi, usiku, mpenzi asiyeonekana na wengine, jirani aliyenunuliwa. Hapo ndipo ninapoona undugu wa kweli kati ya Japani na pwani zetu. Wao waliyabeba masimulizi ya barazani kutoka mdomoni hadi kitabuni, kutoka kitabuni hadi kwenye skrini, na kila hatua wakampa mzuka maneno zaidi.

Maagano ya ziwani

Ng'ambo ya Bujumbura, upande wa Kongo, yuko mamba muntu. Miaka ya 1970 mtaalamu wa anthropolojia Johannes Fabian aliwakuta wachoraji wa Lubumbashi wakimchora tena na tena, na picha zake zilitundikwa katika sebule za wafanyakazi wa mji ule. Ni mwanamke mrembo mwenye nywele ndefu na mkia wa samaki. Husimuliwa kwamba mwanamume akipata kitu chake, tuseme shungi la nywele, mamba muntu humjia ndotoni kukiomba. Kisha huweka naye agano: utajiri, kwa sharti la siri na uaminifu. Siri ikitoka, mali inaondoka, na pengine roho pia.

Japani wana Yuki-onna, mwanamke wa theluji, aliyeandikwa na Lafcadio Hearn katika kitabu chake cha Kwaidan mwaka 1904. Anamwachia uhai kijana Minokichi kwa sharti asimwambie mtu alichokiona. Miaka inapita, kijana anaoa, anazaa, na usiku mmoja anamsimulia mkewe. Mkewe ndiye yule wa theluji. Anamwacha hai kwa ajili ya watoto wao, kisha anatoweka. Agano ni lile lile la siri, ila Yuki-onna anafunga safari akiwa ni mama aliyevunjiwa ahadi, na msikilizaji anabaki akimwonea huruma.

Burundi yenyewe ina ndoa za aina hii katika moyo wa ufalme wake wa zamani. Ngoma ya kifalme, Karyenda, ilikuwa na msichana aliyewekwa wakfu kwa ajili yake, Mukakaryenda, aliyehesabiwa kuwa mke wa ngoma. Kiranga, mkuu wa mizimu katika ibada ya kubandwa, naye alikuwa na mke wake wa kiibada, Mukakiranga. Wote wawili walikuwa na nafasi zao katika sherehe ya muganuro, sikukuu ya mtama ya mwami, ambayo ilizimwa chini ya utawala wa Wabelgiji. Ngoma zimepona: mwaka 2014 UNESCO iliingiza mchezo wa ngoma za kifalme katika orodha ya urithi wa binadamu. Lakini yule msichana aliyeolewa na ngoma aliwaza nini usiku? Alimpenda? Alimwogopa? Alitamani kijana wa kilimani kwao? Riwaya-picha ingeanzia hapo hapo.

Tanzania walijaribu mlango wa karibu. Katikati ya miaka ya 2000 Mussa Banzi alitoa filamu ya Shumileta, kuhusu jini wa kike anayempenda binadamu, na watazamaji waliipokea kwa hamu. Ilithibitisha kwamba wasikilizaji wa Kiswahili wako tayari kumtazama jini kama mpenzi, mwenye wivu na machozi. Kilichobaki ni umbo litakalompa muda wa kusema zaidi ya filamu ya saa moja na nusu.

Lugha ya kiumbe wa usiku

Muda huo hujazwa na lugha, na waandishi wa Kijapani wameifanyia lugha yao kazi kubwa. Wana maneno mengi ya kusema "mimi", na kila moja huonyesha jinsia, rika na tabia. Katika Kanon, Ayu hujiita "boku", neno la wavulana, na msomaji humtambua kabla hajaiona sura yake. Katika Tsukihime kuna mapacha wawili watumishi: mmoja humwita bwana wao Shiki-sama, kwa heshima kubwa, mwingine Shiki-san, kwa ukaribu zaidi, na ndani ya tofauti hiyo ndogo mna umbali wote uliopo kati yao na kijana huyo. Katika Fate/stay night, Saber, shujaa aliyeitwa kutoka zama za kale, huzungumza kwa adabu kamili hata anapokasirika, na adabu hiyo ndiyo ngao yake.

Kiswahili kina silaha zake. Kijapani huweza kuacha mtenda bila kutajwa, na mizuka hupenda pengo hilo. Sisi tuna kiambishi kimoja kinachowabeba mwanamume, mwanamke, mnyama na jini. Mwandishi akisema "amekuja, amesimama mlangoni, hajavua viatu", msomaji hajui kama ni mume, binti, mgeni au kiumbe wa majini, na mwandishi anaweza kumficha hivyo kurasa kumi bila kuvunja sarufi. Mwandishi wa Kifaransa au wa Kiingereza hulazimika kusema mapema kama ni mume au mke. Kwa hadithi za kiumbe anayejificha, hii ni neema.

Tuna pia tanakali za sauti. Kijapani kimejaa maneno ya aina hiyo, hata la kuigiza ukimya. Giza totoro, nyeusi tii, nyeupe pee: maneno haya yalizaliwa kwa ajili ya kusikika, na kisanduku kidogo cha maandishi kinayapenda kwa sababu ni mafupi na yanafika mara moja. Tuna maamkizi yanayopima umri na heshima. Na Bujumbura ina jambo ambalo miji mingi haina: katika sentensi moja mtu wa Buyenzi huweza kupita Kiswahili, Kirundi na Kifaransa, na aliye karibu naye akajua mara moja ana hisia gani, kwa lugha aliyoikimbilia.

Fikiria hadithi ya mvuvi wa ndagala. Anatoka jioni na taa zake, kwa kuwa ndagala hufuata mwanga. Mbalamwezi ikijaa uvuvi hupumzika, maana ziwa zima linang'aa na taa hazina kazi. Usiku mmoja wa mapumziko hayo anaokota chanuo mchangani. Alifiche au alirudishe majini? Akilificha, mwanamke atamjia ndotoni. Mwanamke huyo azungumze Kiswahili cha zamani cha Ujiji, kile kilichokuja na misafara ya biashara, chenye taratibu na maneno ambayo bibi zetu pekee wanayakumbuka. Mvuvi amjibu kwa Kiswahili cha Buyenzi, akichanganya Kirundi pale woga unapomshika. Kadiri wanavyozoeana, mwanamke aanze kuchukua maneno ya mvuvi, na mvuvi aanze kuongea kikale. Msomaji ataona mapenzi yakikua ndani ya sarufi yenyewe, bila mtu kusema "nakupenda".

Halafu zije njia. Katika ya kwanza, mvuvi anatunza siri na kutajirika. Katika ya pili, anamwambia mke wake. Katika ya tatu, anamuuliza mwanamke wa majini alikuwa nani kabla ya kuwa hivi alivyo. Njia hiyo ya tatu ifunguke tu kwa msomaji aliyekwisha kupita mbili za kwanza, kama Fate/stay night inavyozifungua njia zake tatu kwa zamu. Ukweli wa mtu haupatikani kwa kuuliza mara moja.

Tahadhari zinazostahili kusemwa

Wazazi wana haki ya kujua kwamba nyingi za riwaya hizi za awali, zikiwemo Kanon, Tsukihime na Fate/stay night, zilitolewa kwanza kwa watu wazima, zikiwa na maonyesho ya ngono. Baadaye zilitengenezwa upya bila maonyesho hayo. Tsukihime mpya ya mwaka 2021 na Fate/stay night ya mwaka 2024 hazina maonyesho hayo, ingawa damu na kutisha vimo. Aliye na mtoto mwenye simu aangalie ni toleo lipi linalosomwa.

Jambo jingine ni namna wasichana wanavyochorwa. Mara nyingi ni wagonjwa, wanangoja kuokolewa na kijana, na mateso yao ndiyo kivutio. Mwandishi wetu asirithi udhaifu huo. Katika jamii ambamo binti asiyeolewa huambiwa haraka kwamba ana jini mahaba, hadithi nzuri ingempa binti mwenyewe usukani: yeye ndiye achague, na mojawapo ya chaguo zake iwe kuishi bila mume na bila jini, kwa amani.

Kuna na jambo zito zaidi. Nchi hii ina wafu wengi ambao habari zao hazikusimuliwa. Mwaka 2020, katika mkoa wa Karuzi karibu na mto Ruvubu, Tume ya Ukweli na Maridhiano ilifukua mabaki ya watu zaidi ya 6,000 katika makaburi ya pamoja. Wapo waliotambuliwa kwa nguo, miwani na rozari zao. Mzuka wa Kijapani, tangu enzi za Ueda, ni mtu aliyekufa akiwa na neno moyoni na asipate wa kumwambia. Sidai kwamba makaburi yetu yageuzwe burudani. Hilo lingekuwa dhambi. Nadai kwamba jamii iliyozoea kumuuliza asiyeonekana ataondoka lini inahitaji pia ustadi wa kukaa naye na kumsikiliza, na fasihi ndiyo shule ya ustadi huo. Anayejifunza kumvumilia mbweha wa kubuni anayepoteza maneno yake huenda akamvumilia vizuri zaidi mjane anayesimulia kwa kukatakata.

Kazi iko mikononi

Kutengeneza riwaya-picha hakudai mtaji wa kampuni. Programu ya Ren'Py, iliyoanza kutolewa na Tom Rothamel mwaka 2004, ni ya bure. Hadithi huandikwa kama matini ya kawaida yenye maagizo machache, hufanya kazi kwenye kompyuta za kawaida, na kazi iliyokamilika huweza kusomwa kwenye simu za Android. Katawa Shoujo ya mwaka 2012 na Doki Doki Literature Club ya mwaka 2017, zilizosomwa kote duniani, zilitengenezwa kwa programu hiyo hiyo. Zote mbili zimetoka nje ya Japani, mikononi mwa vikundi vidogo.

Mwandishi mmoja, mchoraji mmoja na mpiga inanga au gitaa wanatosha. Kiswahili kinafundishwa katika shule za msingi za Burundi, na wanafunzi wanahitaji kitu cha kukisomea zaidi ya vitabu vya mazoezi. Hadithi ya kwanza haina haja ya kuwa ndefu: saa moja ya kusoma, wahusika watatu, miisho miwili. Michoro inaweza kuwa ya penseli, muziki unaweza kurekodiwa kwa simu. Kitu kisichofaa kufanyiwa haraka ni maneno. Yaandikwe na mtu aliyekulia hapa, kisha yasomwe kwa sauti mbele ya wazee wa Buyenzi kabla hayajatolewa. Wao wamewasikia majini wakisema kwa vinywa vya watu kwa miaka mingi, na watajua mara moja ni sentensi ipi jini asingeitamka.